Tafuta Kiti Chake Kwanza: Jinsi ya Kumwona Mkamatanzi wa Kinamasi

Ukienda Ziwa Victoria na darubini shingoni, Kisumu watakuuliza kama umekuja kuona viboko. Mabamba, upande wa Uganda, watakuuliza kama umeshamwona yule korongo mkubwa mwenye mdomo kama kiatu. Hakuna atakayekuuliza habari za kandege ka sentimita 13 au 14, ka rangi ya vumbi lililoloa, kasiko na wimbo wa kujisifia. Nimeandika haya kwa ajili ya yule anayetaka kumwona huyo.

Vitabu vya ndege humwita kwa Kilatini Muscicapa aquatica, na jina lenyewe halina fumbo: neno la kwanza ni mkamata nzi, la pili ni wa majini. Hapa tumwite mkamatanzi wa kinamasi. Makazi yake ni ukanda mrefu unaoanzia Senegal na Gambia, ukapita kusini mwa Sahara hadi Sudan Kusini na Uganda, ukazunguka Ziwa Victoria, ukaendelea Rwanda, Burundi na mashariki mwa Kongo hadi kaskazini mwa Zambia. Mimi ninayemfahamu ni wa ziwani kwetu, kwa hiyo ndiko nitakakokupeleka.

Kosa la wageni wengi ni kumtafuta ndege. Wanapitisha darubini juu ya mafunjo kushoto na kulia kama mtu anayefagia uwanja, na baada ya dakika kumi macho yanauma, mafunjo yote yamekuwa kitu kimoja cha kijani. Wewe tafuta kiti. Mkamatanzi ni mwindaji wa kukaa na kungoja: huketi mahali pa wazi, wima, kichwa kikigeuka polepole, mdudu akipita huchomoka, humdaka hewani au juu kidogo ya maji, kisha hurudi palepale alipotoka au jirani yake. Ukiwa karibu utausikia mdomo ukigonga, tap, kama mtu aliyevunja njiti ya kiberiti. Ndege wa tabia hiyo hawezi kukaa popote. Anahitaji kiti, na viti vya kumfaa ni vichache. Ukivitambua, kazi imebaki nusu.

Kiti kizuri huwa chini, kati ya nusu mita na mita mbili kutoka majini. Huwa kitupu, bila majani ya kuzuia macho. Na mbele yake pana maji wazi, hata kama ni upana wa mtumbwi mmoja tu. Bua la funjo lililovunjika na kuinama juu ya maji ni kiti cha kifalme. Kijiti kikavu kilichotokeza kwenye ukingo ni kizuri vilevile. Halafu kuna viti tulivyomtengenezea sisi bila kukusudia: vigingi vya kufungia mitumbwi, nguzo za nyavu, waya wa seng'enge unaoteremka hadi majini, kamba ya nanga, ukingo wa boti iliyoachwa.

Nilijifunza hili kwa aibu kidogo. Asubuhi moja huko Dunga, kusini mwa mji wa Kisumu, nilikuwa nimepiga magoti kwenye mtumbwi nikiyachunguza mafunjo yaliyo umbali wa mita arobaini. Mzee aliyekuwa akitusukuma kwa pondo alinyamaza muda mrefu, kisha akaniambia kwa upole, "Mwalimu, kama ni kile kidogo cha kahawia, kimekaa nyuma yangu." Nikageuka. Ndege alikuwa ameketi kwenye tezi la mtumbwi wetu, mkono mmoja kutoka mgongoni mwa mzee, akitazama maji kana kwamba sisi ni gogo. Tangu siku hiyo huanza kwa kukagua vitu vilivyo karibu: chombo nilichopanda, gati, vigingi. Mafunjo ya mbali huja mwisho.

Umempata anayeketi kwenye kigingi. Ni yeye kweli? Mgongo, mabawa na mkia ni kahawia yenye ukijivu, bila doa wala mstari. Koo ni jeupe. Kifuani pamepita utepe mpana wa kahawia uliofifia kingoni, kisha tumbo ni jeupe tena. Utepe huo kati ya weupe wawili ndio alama ya kuishika. Ukimwona kwa mbele, koo huonekana kama leso safi juu ya koti kuukuu. Utosi ni wa rangi moja. Mdomo ni mweusi, mpana kwenye shina lake, kama ilivyo kwa ndege wanaodaka wadudu hewani. Dume na jike hawatofautiani, kwa hiyo usijisumbue. Makinda ndiyo yana madoadoa, na hao huwachanganya hata wazoefu. Wakikushinda, ngoja mzazi alete chakula.

Anayefanana naye kuliko wote ni binamu yake kutoka mbali, mkamatanzi mwenye michirizi, ambaye huzaliana Ulaya na Asia kisha huja kwetu takriban Oktoba hadi Aprili. Novemba moja niliandika kwenye daftari "wakamatanzi wa kinamasi, wanne", nikafurahi, halafu nyumbani nilipotazama picha nikaona vichwa vyenye michirizi myembamba na vifua vyenye mistari kama iliyochorwa kwa penseli. Wote wanne walikuwa wageni. Kilichoniponza ni kwamba walikuwa karibu na maji. Lakini ningetazama vizuri, walikuwa wameketi juu, kwenye matawi ya mgunga ulio nchi kavu, na mbele yao palikuwa na malisho. Kiti chenyewe kilikuwa kinanionya. Kwa hiyo kati ya Oktoba na Aprili fanya mambo mawili kabla ya kuandika: tazama utosi, kisha tazama kiti. Mwingine, yule mdogo mnene wa kijivu anayependa kingo za misitu na bustani za nyanda za juu, ni nadra kukutana naye kwenye mafunjo, na ukimkuta juu ya mti mkubwa wenye kivuli hutapata shida kumtenga.

Sauti usiitegemee. Ni nyembamba, kali, fupi, na upepo kidogo tu unaimeza. Kinamasi kina wapiga kelele wengine. Ukisikia filimbi nzito za kujibizana kutoka ndani ya mafunjo, dume akiita na jike akimalizia, huyo ni ndege mweusi mwenye kifua chekundu-chungwa na utosi wa manjano, mkaazi wa mafunjo peke yake, ambaye utamsikia mara kumi kabla ya kumwona mara moja. Nitarudi kwake.

Sasa mafunjo yenyewe. Ukitaka kumwelewa ndege huyu huna budi kuujua mmea uliomjengea nyumba. Waluo huuita togo. Chukua bua moja lililoanguka, livingirishe kati ya vidole: utahisi pembe tatu. Bua halina majani ubavuni. Kijani chote kimepelekwa juu, kwenye kichwa cha nyuzi nyingi kinachofanana na ufagio uliofumuka. Bua hufika mita nne au tano. Chini yake kuna mashina manene yanayotambaa na kufungamana, na mizizi iliyojaa tope na mabaki ya miaka. Mkeka huo mzima waweza kuwa umeshika ardhi upande mmoja na unaelea upande mwingine. Ukisimama juu yake, kama ukilazimika, utahisi dunia inapumua chini ya miguu.

Kwa kuwa sehemu kubwa inaelea, ziwa likipanda mkeka hukatika na kwenda zake. Mwaka 2020 ziwa lilipojaa kupita kiasi, kisiwa cha namna hiyo kilisukumwa hadi kwenye mitambo ya umeme ya Jinja na Uganda karibu nzima ikakosa umeme. Kwa mtafuta ndege maana yake ni ndogo zaidi lakini ni ya kuzingatia: ukingo uliouona mwaka jana huenda leo uko kilomita mbili kutoka pale. Usitegemee ramani ya mwaka jana. Muulize mvuvi, kwa sababu yeye amepita hapo jana usiku.

Ndani kabisa ya mafunjo mkamatanzi hana kazi. Ni giza, ni msongamano, hakuna nafasi ya kuruka na kurudi. Maisha yake yako ukingoni, na ukingo una sehemu tatu. Kuna ule wa nje unaotazama ziwa wazi. Ni mzuri asubuhi tulivu, lakini upepo ukianza mabua yote yanacheza na hakuna kiti kinachotulia. Kuna ule wa nchi kavu, ambako mafunjo hukutana na matete, mashamba na malisho. Hapo wapo, ila ni wachache. Na kuna vijia vya maji ambavyo wavuvi wamevifungua ili mitumbwi ipite kwenda kutega kamongo. Ukiwa na saa moja tu ya kutumia, itumie kwenye kijia. Upana wa mita tatu, maji yametulia, jua linaingia kwa mshazari, wadudu wanacheza juu ya maji, na kila bua lililovunjwa na mtumbwi ni kiti. Mahali kijia kinapofungukia ziwa, kwenye kona zile mbili, ndipo pa kungoja. Mara nyingi ni jozi, mmoja kila upande.

Chakula chake utakiona bila darubini. Ziwa hili hutoa visubi kwa mafungu. Karibu na mwezi mwandamo huinuka kutoka majini kwa mabilioni, na ukiwa pwani utaona nguzo za moshi juu ya ziwa pasipo na moto. Wageni hudhani kuna meli inaungua. Upepo ukizileta nchi kavu, watu hufunga madirisha na mbayuwayu huchanganyikiwa kwa furaha. Siku hizo mkamatanzi hahitaji hata kwenda mbali. Huchomoka, hurudi, huchomoka tena, na unaweza kuhesabu safari ishirini kabla chai haijapoa. Kama ratiba yako inakuruhusu kuchagua, tazama kalenda ya mwezi.

Wapi pa kwenda? Kwa mtu wa Kenya, Dunga ni rahisi kuliko kote: ni mwendo mfupi kutoka Kisumu, kuna wavuvi waliozoea kuwatembeza watu, na mafunjo yanaanza palepale bandarini. Mwenye siku mbili aende Yala, kinamasi kikubwa kuliko vyote vya maji baridi nchini, ambacho sehemu yake imekaushwa kwa kilimo. Upande wa Ziwa Kanyaboli bado una kingo nzuri. Kwa Tanzania, fukwe za Ghuba ya Speke mashariki mwa Mwanza na kisiwa cha Rubondo, hifadhi ya taifa tangu 1977, ni mahali pa kuanzia. Uganda ndiyo imependelewa. Mabamba, iliyoingia katika orodha ya Ramsar ya ardhi oevu mwaka 2006, ina vijia vya maji kila upande. Wenzako wanapoinua darubini kumtafuta korongo, wewe tazama mabua ya karibu. Na kama hutaki boti kabisa, nenda kwenye bustani ya mimea ya Entebbe, tembea chini hadi maji yanapokutana na nyasi, kaa. Huko nimemwona akiketi kwenye kamba ya kuanikia nguo.

Saa nzuri ni kuanzia saa kumi na mbili na nusu asubuhi hadi saa tatu hivi, kisha tena baada ya saa kumi alasiri. Mchana huwa yupo, lakini mwanga wa juu unaua rangi, na upepo wa ziwani huinuka na kuleta mawimbi. Mitumbwi midogo haina urafiki na mawimbi hayo. Vaa jaketi la kuokolea hata kama mwenyeji wako anacheka. Patana bei kabla ya kupanda, na patana kwa saa, kwa maana ukipatana kwa safari, mwenye chombo atakuwa na haraka kuliko ndege. Omba injini izimwe mapema na mtumbwi usogezwe kwa pondo au kafi. Ukimwambia "tukae tu hapa nusu saa, bila kwenda popote," atakutazama kidogo, lakini atakubali.

Usishuke majini. Najua maji ya ukingoni yanaonekana ya kupendeza saa nne jua likiwa kali, lakini ndiyo maji ya konokono wa kichocho, na ukisahau kichocho, kumbuka kiboko, ambaye hupenda vijia vile vile unavyovipenda. Mwenyeji akisema leo tusipite hapa, usimhoji. Kisumu ongeza swali moja: magugu maji yako wapi leo? Tangu yalipoingia ziwani mwishoni mwa miaka ya 1980, mikeka yake huhama na upepo, na boti inaweza kuingia kwenye ghuba wazi asubuhi ikakuta mlango umefungwa mchana. Nimekaa saa tatu ndani ya mkeka huo nikila ndizi moja. Mkamatanzi hana neno na magugu, mradi kuna kijiti cha kusimama. Hutembea nayo kama abiria.

Darubini ya 8x42 inatosha, na kwa kweli kwa ndege huyu hata ya bei nafuu inatosha, maana atakukaribia. Kamera yenye lenzi ndefu ni mzigo kwenye mtumbwi. Ukiwa nayo, piga kwanza utosi na kifua, urembo baadaye.

Ukikaa sana utaona mambo ambayo hayamo vitabuni kwa urefu unaostahili. Utamwona mdiria mweusi-mweupe akija kwenye kigingi, na mkamatanzi akihamia cha pili bila ugomvi, kisha akirudi mkubwa alipoondoka. Utamwona pia akiingia kwenye kiota cha kwera kinachoning'inia juu ya maji, na utadhani amepotea nyumba. Hajapotea. Hupenda kuchukua viota vilivyoachwa na kwera, akavitandika manyoya ndani, akataga humo. Ndiyo sababu mti mdogo uliojaa viota vikuukuu karibu na kijia ni mahali pa kurudi mara ya pili na ya tatu. Ukimwona akibeba unyoya, mwambie mwenyeji arudi nyuma mita kumi na tano, na usitikise tawi ili "uone vizuri".

Nimesema nitarudi kwa yule mweusi mwenye kifua cha rangi ya moto. Watu wengine, wakimwona mkamatanzi, huandika kwamba kinamasi kina afya. Hapo siafikiani nao. Mkamatanzi ni shahidi wa ukingo peke yake. Kata mafunjo nusu, fungua vijia kumi, jenga gati, na kwa muda ataongezeka, kwa sababu viti vimeongezeka. Yule mwimbaji wa ndani, pamoja na shoro wadogo wanaojificha kwenye mabua na hawajawahi kukaa kwenye kamba ya nguo maishani mwao, wanahitaji unene wa mafunjo yasiyopitika. Wakitoweka, mkamatanzi ataendelea kuketi kwenye kigingi kama kawaida. Hivyo ukitaka kusema neno juu ya kinamasi, andika aina zote mbili: nani yuko ukingoni, na nani anasikika ndani. Ukimya wa ndani nao uandike.

Kukata mafunjo kwenyewe si uhalifu. Mikeka, paa, vikapu na viti vimetoka hapo kabla yangu na wewe. Mabua yakikatwa kwa mafungu, huku mashina yakiachwa na sehemu nyingine ikipumzishwa, huota tena. Kinachoua ni moto wa kila mwaka na mtaro wa kukausha, kwa sababu mtaro huondoa maji na moto humaliza kilichobaki. Ukipita mahali mtaro mpya umechimbwa, andika tarehe, piga picha. Nature Kenya, NatureUganda na Nature Tanzania hupokea taarifa za namna hiyo, na orodha yako ya ndege inaweza kuingia kwenye Kenya Bird Map, Tanzania Bird Atlas au eBird kutoka kwenye simu yako.

Lakini daftari la karatasi lisikukose, na lifunge kwa mpira ndani ya mfuko wa nailoni. Andika kiti kabla ya ndege. Hapa kuna ukurasa wangu mmoja kama ulivyo: "Dunga, saa 1:10 asubuhi, hakuna upepo. Kijia cha pili kutoka gati. Bua lililovunjika upande wa kushoto, urefu wa kifua changu: mmoja. Kigingi cha nyavu upande wa kulia: mwenzake. Utosi safi, utepe kifuani. Safari 14 kwa dakika tano, 11 zimerudi palepale. Ndani: jozi inayoimba, mbali. 1:25 mdiria kachukua kigingi. 1:31 kigingi kimerudi kwa mwenyewe."